Vitufe vya kuogea vinavyobubujika: jinsi ya kuvitengeneza nyumbani bila kudhuru ngozi

Mtu aliyewahi kumimina Eno ndani ya glasi ya maji ili kutuliza kiungulia ameshaona kazi yote ya kitufe cha kuogea. Unga unagusa maji, unabubujika kwa kishindo, kisha maji yanatulia. Kitufe cha kuogea ni mchanganyiko wa namna hiyohiyo, isipokuwa umekandamizwa hadi ukawa mgumu, umetiwa mafuta na manukato, na hutupwa ndani ya hodhi au beseni badala ya glasi. Kwa Kiingereza huitwa bomu la kuogea, jina ambalo si busara kuliandika juu ya kifurushi kinachosafirishwa kwa ndege. Katika makala haya tutakiita kitufe.

Malighafi zake ni chache, hazihitaji moto wala mashine, na mtu anaweza kutengeneza vya kutosha zawadi za Idi, Krismasi au sherehe ya bibi harusi kwa mchana mmoja. Lakini ni zawadi inayokwenda moja kwa moja kwenye ngozi ya mtu mwingine. Katika jikoni nyingi za Afrika Mashariki kuna unga mweupe wa aina tatu au nne wenye jina la soda, na ni mmoja tu kati yake unaofaa kwa kazi hii.

Asili yake

Dawa za tumbo ndizo zilizotangulia. James Crossley Eno, mfamasia wa Newcastle nchini Uingereza, aliuza chumvi yake ya kububujika tangu karne ya 19, na nchini Marekani vidonge vya Alka-Seltzer viliingia sokoni mwaka 1931. Japani, ambako kuoga katika maji ya moto jioni ni desturi ya kila nyumba, kampuni ya Kao ilianza kuuza vidonge vya kuogea vyenye gesi mwaka 1983.

Kitufe cha mviringo chenye rangi na manukato, kama kinavyojulikana leo, kinahusishwa na Mo Constantine wa mji wa Poole, kusini mwa Uingereza. Alikitengeneza mwaka 1989, miaka 6 kabla ya kuanzishwa kwa kampuni ya Lush ambayo yeye ni mmoja wa waanzilishi wake, na kwa maelezo yake mwenyewe wazo lilitokana na Alka-Seltzer.

Kinachotokea ndani ya maji

Viungo viwili ndivyo vinavyofanya kazi: bikaboneti ya sodiamu, ambayo madukani huitwa beking soda, na asidi ya sitriki, yaani uchachu wa ndimu na malimao katika umbo la chembechembe nyeupe. Asidi hii hutumika kwenye juisi za kutengenezwa na achari, na wengine huiita ndimu ya unga. Zikiwa kavu, hizi mbili hukaa pamoja bila ugomvi. Maji yakiingia huyeyuka, hukutana, na kutoa gesi ya kaboni dioksidi, ileile iliyo ndani ya chupa ya soda baridi. Kinachobaki majini ni sitreti ya sodiamu, chumvi isiyo na madhara kwa ngozi kwa kiasi hicho.

Kuna jambo moja katika mmenyuko huu ambalo maelekezo mengi hulipita, nalo ndilo hueleza kwa nini vitufe vya watu wengi huharibika: mmenyuko wenyewe huzalisha maji. Kila chembe ya asidi inayomalizana na soda huacha nyuma chembe 3 za gesi na chembe 3 za maji. Tone moja likidondokea kwenye bakuli halitaishia pale lilipoanguka. Litaamsha mmenyuko, mmenyuko utatoa maji mapya, na maji hayo yatakwenda kuamsha sehemu ya jirani. Ndiyo maana kitufe kilichopata unyevu kidogo usiku huonekana asubuhi kimevimba na kuota vipele kama mkate ulioumuka vibaya.

Kwa uzito, gramu 100 za asidi ya sitriki huhitaji takriban gramu 131 za soda ili zote mbili ziishe. Watengenezaji wengi hutumia gramu 200 za soda kwa 100 za asidi, na wana sababu. Soda inayozidi huyafanya maji yaelemee kidogo upande wa magadi badala ya uchachu, na uchachu ndio unaowasha kwenye michubuko na sehemu laini za mwili. Pia soda ni rahisi kuliko asidi, jambo ambalo muuzaji hatalisema.

Soda gani?

Hapa ndipo penye hatari, kwa hiyo inafaa kwenda polepole.

Beking soda ni bikaboneti ya sodiamu peke yake. Ikiyeyuka majini kipimo chake cha pH hufika karibu 8.3, ambacho ngozi yenye afya huvumilia kwa muda wa kuoga. Huu ndio unga unaotakiwa.

Beking pauda si kitu hichohicho. Ni soda ambayo tayari imechanganywa na asidi kavu na wanga kwa ajili ya keki. Haitaunguza mtu, lakini kitufe chake kitatoa viputo vichache tu, na mpokeaji atadhani amepewa udongo wenye marashi.

Magadi yanayotumika kulainisha maharage na makande, yakiwemo yanayochimbwa Ziwa Magadi katika kaunti ya Kajiado nchini Kenya, ni mchanganyiko wa kaboneti na bikaboneti ya sodiamu. Ukiyatia asidi yatabubujika, na vizuri sana, ndiyo maana mtu anaweza kudhani amepata mbadala wa bei nafuu. Lakini pH ya maji yake hufika karibu 10. Kipimo cha pH hupanda kwa kuzidisha mara 10 kila hatua, hivyo tofauti ya 8.3 na 10 ni ukali wa kiasi cha mara 50. Kilo ya maharage huwekewa chembe tu, kisha maharage huchemshwa. Mtu anayekaa nusu saa ndani ya maji yenye viganja vya magadi huondoka na ngozi kavu inayowasha. Tena magadi yana maji ndani ya fuwele zake, kwa hiyo huharibu kitufe kabla hakijafika kwa mpokeaji.

Kostiki soda ndiyo ya kuogopwa. Hii ni hidroksidi ya sodiamu, inayotumika kutengeneza sabuni na kuzibua mabomba. Wengi wanaojaribu vitufe wametokea kwenye utengenezaji wa sabuni, na kopo la kostiki liko rafu ileile na soda nyingine, wakati mwingine bila lebo. Kostiki haitoi gesi ikikutana na asidi; hutoa joto kali, na ikigusa ngozi au jicho huunguza kwa kina. Hakuna kitufe cha kuogea kinachohitaji hata chembe ya kostiki. Anayefanya kazi zote mbili atenge vyombo, mizani na siku.

Kama unga hauna lebo, usitumike. Kuonja ili kutambua si njia.

Vipimo na mkono

Kwa vitufe 4 vya ukubwa wa ngumi ya mtoto, au zaidi ya 10 vidogo vya beseni, pima kwa mizani gramu 200 za beking soda, gramu 100 za asidi ya sitriki, gramu 50 za wanga wa mahindi na gramu 50 za chumvi laini iliyokaushwa. Wanga hupunguza kasi ya viputo ili kitufe kisiishe kwa mara moja. Chagua asidi iliyoandikwa kuwa haina maji: ile nyingine hubeba kiasi cha asilimia 8 hadi 9 ya uzito wake kama maji ndani ya chembe zake.

Chekecha soda, wanga na chumvi kwanza, kisha tia asidi mwisho. Vumbi la asidi huwasha macho na koo, kwa hiyo barakoa ya kawaida husaidia, na mwenye mkwaruzo mkononi avae glavu. Yeyusha vijiko viwili vya chakula vya siagi ya kakao, iache ipoe kidogo, tia matone ya manukato, kisha idondoshe juu ya unga huku ukifikicha kwa vidole kama anayetengeneza chapati za kusukuma kabla ya kutia maji.

Mapishi mengi ya Ulaya husema tumia mafuta ya nazi. Yale huganda chini ya nyuzi joto 24, jambo linalowezekana jikoni London au asubuhi ya Julai mjini Nairobi. Dar es Salaam, Mombasa na Unguja mafuta ya nazi hubaki majimaji karibu mwaka mzima, kwa hiyo hayashikilii kitufe kabisa. Siagi ya kakao huyeyuka karibu na joto la mwili, hivyo hubaki ngumu mezani na kulainika majini. Ukikosa, kitufe cha nazi chenye mafuta kidogo bado kinawezekana, ila kitengenezwe kidogo na kikandamizwe sana.

Bana mchanganyiko ndani ya kiganja. Ukishikana kama mchanga mbichi wa pwani, uko tayari. Ukimomonyoka, chukua chupa ya kunyunyizia yenye maji, piga mara moja tu, changanya haraka, kisha jaribu tena. Ukisikia mlio wa kuchemka, umezidisha. Endelea upesi kujaza kalibu. Spiriti ya kuwashia taa au ya kusafishia rangi isitumike kuwa badala ya maji, kwa kuwa ina methanoli yenye sumu.

Kalibu haihitaji kununuliwa. Vikombe vidogo vya kahawa, trei ya barafu ya plastiki laini au kifuu kilichosafishwa na kukaushwa vinatosha. Jaza, kandamiza kwa nguvu zote, subiri dakika chache, kisha pindua juu ya karatasi. Vitufe vikae mahali pakavu kwa saa 24 hadi 48 kabla ya kufungwa.

Unyevu wa pwani

Asidi ya sitriki huanza kujinyonyea maji kutoka hewani unyevu unapofika karibu asilimia 75. Katika miji ya mwambao hicho si kiwango cha ajabu, ni cha asubuhi ya kawaida, na wakati wa masika mambo huwa mabaya zaidi. Anayeishi Arusha, Nakuru au Mbeya anaweza kufanya kazi hii kiangazi bila kuwaza. Wa pwani ana njia mbili: chumba chenye kiyoyozi, ambacho hukausha hewa pamoja na kuipoza, au siku ya kaskazi isiyo na mvua, saa za mchana, si alfajiri. Feni haisaidii, huleta hewa mbichi juu ya kitufe kwa kasi zaidi.

Chumvi ya haluli, maarufu kwa jina la Epsom, hupendekezwa sana kwa ajili ya kutuliza misuli. Ushahidi kwamba magnesiamu yake hupenya kwenye ngozi kwa kiasi cha maana ni dhaifu. Kwa mtengenezaji tatizo ni jingine: zaidi ya nusu ya uzito wake ni maji yaliyofungwa ndani ya fuwele. Ni afadhali iwekwe kwenye mfuko wake pembeni, mtu aitie majini mwenyewe.

Harufu na rangi

Eneo letu si maskini wa manukato. Mlangilangi hukamuliwa Komoro, na huko Pemba kiwanda cha Wawi hukamua mafuta ya makonyo ya karafuu. Lakini mafuta yanayotokana na mimea ni makali, na karafuu ni miongoni mwa yanayowasha zaidi kwa sababu ya kemikali iitwayo yujenoli. Mdalasini ni vivyo hivyo, na mchaichai huwafuata kwa karibu. Mafuta hayachanganyiki na maji. Huelea na kugusa ngozi yakiwa halisi. Kwa kipimo kilichotajwa hapo juu, matone 15 ya mafuta laini kama mlangilangi au lavenda yanatosha kwa bakuli zima. Karafuu na mdalasini viachiwe pilau.

Asumini na mawaridi makavu hupendeza juu ya kitufe cha bibi harusi, ila yasagwe au yatiwe ndani ya mfuko wa kitambaa, la sivyo yataziba bomba. Manjano hupaka rangi beseni na taulo. Unga wa rozela una kisa chake: ni mwekundu ukiwa na uchachu, lakini soda ya ziada huugeuza ukawa wa buluu iliyofifia au kijivu. Anayetafuta waridi atumie unga wa maika uliotengenezwa kwa vipodozi. Pambo la plastiki linalometameta likwepwe. Umoja wa Ulaya umezuia kuuzwa kwa pambo huru la plastiki tangu Oktoba 2023 kwa sababu huishia mitoni na baharini.

Nyumba isiyo na hodhi

Nyumba nyingi kwetu zina bafu la kumwaga au ndoo na kata. Kitufe cha gramu 25 hadi 30 ndani ya beseni la lita 5 au 6 la maji vuguvugu kinatosha kwa miguu iliyosimama kutwa nzima. Kwa bafu la kumwaga, kitufe chaweza kuwekwa pembeni ya sakafu ili mvuke ubebe harufu. Sakafu itabaki na mafuta, kwa hiyo isafishwe kabla mzee au mtoto hajaingia.

Kuhusu utulivu wenyewe, sifa kubwa ni ya maji ya moto kuliko viputo. Uchambuzi wa tafiti nyingi uliofanywa na Chuo Kikuu cha Texas mjini Austin na kuchapishwa mwaka 2019 ulionyesha kwamba kuoga maji ya nyuzi joto 40 hadi 43, saa moja au mbili kabla ya kulala, huwafanya watu wasinzie mapema kwa wastani wa dakika 10. Mwili hupeleka damu kwenye mikono na miguu, joto la ndani hushuka, na usingizi hufuata.

Nani asipewe

Zawadi ya kuloweka miguu humjia mtu akilini anapowafikiria wazazi, na hapo panahitaji kufikiri mara mbili. Wenye kisukari hushauriwa wasiloweke miguu. Ugonjwa huo huweza kuua hisia za nyayo, mtu akaungua kwa maji ya moto bila kujua, na ngozi iliyolainika kwa maji hupasuka na kufungua mlango wa vidonda visivyopona kirahisi. Kwa mama mwenye kisukari, mafuta ya kupaka ni zawadi bora.

Wenye ukurutu, vidonda vibichi au maambukizi ya mara kwa mara ya njia ya mkojo wakae mbali na maji yenye manukato. Mjamzito aulize kwanza kliniki kuhusu mafuta ya mimea. Watoto wadogo hawana haja nayo, na kitufe chenye rangi na harufu ya stroberi kwao ni peremende. Kikiingia jichoni, jicho lisafishwe kwa maji safi mengi, na maumivu yasipopungua aende hospitali.

Kufunga

Kitufe cha gramu 100 kwa vipimo vyetu kinaweza kutoa kiasi cha lita 9 za gesi. Bafuni si kitu. Ndani ya chupa ya kioo ya lita moja iliyokazwa kifuniko ni suala jingine: kitufe kikipata unyevu na kuisha chote humo, msukumo wa ndani utakuwa kama mara nne ya upepo wa tairi la gari dogo. Kioo hupasuka kabla ya hapo. Kwa hiyo zawadi isifungwe kwenye chupa wala mtungi wa kukaza, hata kama unapendeza kwa utepe. Kizungushie kila kitufe nailoni ya kufungia vyakula, kisha kiweke ndani ya boksi la karatasi pamoja na kile kifuko kidogo cha kunyonya unyevu kinachokuja na viatu vipya. Nailoni ikionekana imetuna, ifunguliwe.

Ndani ya boksi iwemo karatasi yenye orodha ya viungo vyote, tarehe, na maneno "si chakula". Mwenye mzio wa kitu fulani hana njia nyingine ya kujua. Anayetaka kuuza anaingia kwenye sheria za vipodozi: Tanzania usajili uko chini ya Shirika la Viwango TBS tangu mwaka 2019, Kenya viwango husimamiwa na KEBS, na kwa walioko Ulaya kila bidhaa huhitaji ripoti ya usalama kabla ya kuuzwa, hata ile inayotoka jikoni.

Vitufe vilivyohifadhiwa vizuri hubaki na nguvu kwa miezi michache, kisha hupoa. Kilichopoa hakijaoza. Kikivunjwavunjwa ndani ya maji ya moto bado huacha mafuta, chumvi na harufu, ila bila makelele.